Nia ya Mama Modest

Goreti alishinda shambani kwake Naipingo akinyofoa korosho kwenye mabibo. Jioni alioga, akajitanda khanga, akaenda kusali na jumuiya ndogo ya Kikristo, nyumbani kwa muumini mmoja. Mwanawe Modest, askari, alikuwa vitani ng'ambo ya Mto Ruvuma.

Ulifika wakati wa nia, kila mtu anaposema ombi lake kwa sauti. Goreti alisimama.

"Tuombe vita hii ikome. Na wakubwa watuambie, watoto wetu wanakufa kwa ajili ya nini..."

Dismas, mwenyekiti wa jumuiya, akaanzisha wimbo kwa nguvu. Watu wakaitikia. Maneno ya Goreti yakamezwa pale pale. Wimbo wa Mungu, eti leo umekuwa tambara la kumziba mama mdomo!

Mlangoni Dismas alimfuata.

"Mama Modest, wakati wa vita hatusemi hivyo. Huo ni usaliti! Mwanao atafukuzwa kazi."

"Msaliti mimi? Mwenye mtoto vitani ni mimi. Wa kwako wanauza soda Masasi!"

Lakini moyoni aliogopa. Je, kama amemponza Modest?

Asubuhi alikwenda kwa jirani yake Teddy, msaidizi wa kisheria wa kata. Teddy alikuwa akimenya muhogo. Aliposikia habari ile, alibwaga kisu.

"Nani kamwambia Dismas kuwa vita inafuta Katiba? Ibara ya 18 inasema kila mtu ana uhuru wa kutoa maoni yake."

"Kwa hiyo niseme lolote, mwanangu?"

"Hapana, mama. Modest akikuambia kambi yao iko wapi, au wanasafiri lini, usimwambie mtu. Utawaponza. Wala usizushe habari. Lakini kuuliza kwa nini wamepelekwa, kusema vita ikome, huo si usaliti. Dismas akikutisha tena, twende wote kwa mtendaji wa kata."

Wiki ile, mikono ikiwa kwenye mabibo, Goreti aliwaeleza wanawake wenzake wa jumuiya maneno hayo. Walisikiliza. Wengine walisonya kwa kumkasirikia Dismas.

Siku ya jumuiya alisimama tena.

"Tuombe vita hii ikome. Sitaji kambi ya mtu. Nauliza tu, kwa nini?"

Dismas akaanzisha wimbo. Safari hii hakuna aliyeitikia. Aliimba peke yake, sauti ikamkatikia katikati ya ubeti.

"Keti, Dismas," alisema Bibi Dorotea. "Mwenzio hajamaliza."

Goreti akamaliza. Nyumba nzima ikajibu, "Ee Bwana, twakuomba utusikie."

Kisha Dorotea akashika fimbo yake, akainuka. "Na mimi nina mjukuu kule. Na mimi nauliza."