Baba Amesafiri

Kila Jumamosi asubuhi Chiriku aliosha vyombo, akafagia uwanja, kisha akakaa ametega sikio langoni. Mtu akibisha hodi, baba yake alizima mashine ya kuchomelea vyuma, akajibanza nyuma ya karakana na kunong'ona, "Kama ni yule wa chama, mwambie nimesafiri."

Chiriku alikuwa na miaka kumi na miwili, na jina hilo la utani alilipata kwa sababu mdomo wake haukuwa na breki. Uongo huo aliusema bila kupepesa macho. Siku moja aliongeza hata habari za shangazi mgonjwa aliyemfanya baba asafiri. Afisa wa chama cha akiba na mikopo, bwana mrefu mwenye mkoba uliochakaa, akampa pole na kuondoka. Baba alicheka hadi akashika mbavu.

"Wewe mtoto ni kiboko!" alisema, na Chiriku akavimba kichwa.

Mwaka huo bibi yake, mama mzazi wa baba, alistaafu. Maisha yake yote ya kazi yalipita katika chumba cha kufulia cha hospitali, akipiga pasi mashuka ya wagonjwa. Sasa alitakiwa kuhama nyumba ya wafanyakazi mwisho wa mwezi. Alikuwa amejenga kijumba chake, kuta zimesimama, ila hakikuwa na paa. Tegemeo lake la kununua mabati lilikuwa mafao ya kustaafu, ambayo yalipitia kwenye chama.

Siku ya kuyafuatilia alimchukua Chiriku, maana macho yake hayakuona tena vizuri. Walipoingia ofisini, Chiriku alijibanza nyuma ya bibi. Aliyekaa nyuma ya meza alikuwa yule bwana mrefu.

"Shikamoo, mama. Karibu uketi."

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kwa ajili ya mafao yangu."

Afisa alishusha pumzi. "Mama, fedha zako zimezuiwa. Mwanao alipokuwa dereva wa hospitali alikopa hapa kununua mashine, na wewe ukamdhamini. Ameacha kazi na halipi. Mkopaji asipopatikana, deni linamwangukia mdhamini."

"Mbona ananiambia analipa? Mlimfuata kweli?"

"Sana, mama. Kila nikifika naambiwa..." Alimkazia macho Chiriku. "Naambiwa amesafiri. Na anayeniambia ni huyu mjukuu wako."

Bibi aligeuka polepole. Hakufoka, na hilo ndilo lililomuumiza Chiriku zaidi. Akisema kweli, mashine ya baba itachukuliwa. Akinyamaza, bibi atakosa pa kulala.

"Baba hajasafiri," alisema. "Yuko nyumbani anachomelea madirisha ya watu. Ananituma niseme hivyo."

Waliondoka wote watatu mguu mosi mguu pili hadi karakana. Baba alikuwa ameinama kwenye dirisha la chuma. Alipomwona mama yake alivua miwani ya kazi.

"Mama, nilidhani watachoka," alisema.

"Walichoka, ndiyo maana wakaja kwangu," bibi alijibu.

Mashine iliuzwa, na baba akaandikishana na chama kulipa deni lililobaki kidogo kidogo kwa fedha za vibarua. Bibi alirudishiwa sehemu tu ya mafao yake, nayo haikutosha mabati. Mwisho wa mwezi alihamia chumbani kwa Chiriku akiwa na sanduku moja na godoro. Baba alilibeba godoro lile bila kumtazama mtu usoni.

Chiriku alimsaidia bibi kukunja nguo. Mara machozi yakamtoka.

"Nisamehe, bibi. Nilikuwa namtii baba. Nilidhani uongo ule haumdhuru mtu."

Bibi aliweka chini kanga aliyokuwa akiikunja, akamshika mkono. "Nimekusamehe. Mtii baba yako, lakini akikutuma useme uongo, mwambie atoke akauseme mwenyewe. Deni halifutiki kwa sababu mwenye nalo amejificha, mjukuu wangu. Linamtafuta mwingine. Kila ulipomwambia yule bwana kwamba baba hayupo, ulikuwa unamwonyesha mlango wangu."