Aliyempa Zilmeen Jina

Mvua ilikuwa imeligeuza Soko la Vitabu la Lahore kuwa mto wa matope, lakini Zilmeen hakujali viatu vyake. Alisimama mbele ya meza ya vijitabu, shalwari ya kijani, mtandio wa manjano umemshuka begani, kamusi mbili nene kwapani, akimgombeza muuzaji.

"Hiki kijitabu cha majina ya watoto ni takataka! Kila msichana eti 'malkia wa maua'. Maua gani hayo yenye malkia kumi na wanne?"

"Kumi na watano," sauti ilisema nyuma yake. "Mmoja umemruka, bibie."

Aligeuka. Kijana mrefu, kanzu nyeupe iliyopigwa pasi, kidole chenye wino, kidevu juu kama jogoo.

"Wewe umejuaje?"

"Nimekiandika mimi. Naitwa Bakhtiyar."

"Basi mimi ndiye niliyeajiriwa kukihakiki kabla hakijachapwa tena. Pole yako."

Mchapishaji wa kijitabu aliwaketisha meza moja ofisini kwake. Zilmeen alikagua kila jina: limetoka lugha gani, kamusi ipi inalithibitisha. Bakhtiyar, aliyezoea kutunga mashairi ya kadi za harusi, alikiri bila haya kwamba majina mia mbili na kumi na mawili hakuyakuta popote, akayatungia maana tamu.

"Mzazi ananunua kijitabu, nimwambie sijui?"

"Ndiyo! Mtoto akiulizwa atajibu nini?"

"Nani anaulizwa mambo hayo?"

Penseli nyekundu ya Zilmeen ilisimama. "Mimi. Darasa la kwanza, mwalimu alitaka kila mtoto aseme maana ya jina lake. Nikakaa chini peke yangu. Shangazi ndiye aliyenipa jina hili, siku ya akika, kama ilivyo desturi. Baba akafa, pakazuka ugomvi wa shamba, naye yuko Kasur, hatujasemezana tena. Mama hajui lilitoka wapi. Kamusi zote nimepekua."

Tangu siku hiyo Bakhtiyar alimpigia simu kila jioni.

"Umekula, roho yangu?"

"Nimekula sambusa. Na acha kuniita roho, nitakuhakiki na wewe."

"Nihakiki, mpenzi. Utanikuta sahihi."

Jioni moja simu ilimjia akipaka hina. "Zilmeen, nimelipata jina lako! Kiajemi cha kale: kivuli cha chemchemi."

Bakhtiyar alisikia kwikwi ndogo ya kilio upande wa pili.

Mama yake Zilmeen alipika halua. Kesho yake ofisi nzima ilisikia habari. Lakini siku ya nne Zilmeen alifanya kazi aliyoijua: alihakiki. Kamusi tano za Kiajemi cha kale, kisha mwalimu mzee wa Kiajemi. Hakuna.

"Nionyeshe ulikolisoma," alimwambia Bakhtiyar.

Kijana aliangalia wino kidoleni.

"Umenitungia."

"Nilitaka ufurahi! Shairi si uongo!"

"Ukilitia sahihi yako, si uongo. Ukilitia sahihi ya Waajemi, ni uongo. Ulikuwa na majina mia mbili na kumi na mawili. Sasa mimi ni la mia mbili na kumi na tatu."

Alibeba kamusi zake akahamia chumba cha pili. Bakhtiyar alikuwa na kiburi, hakupiga simu. Wiki tatu alikaa mbele ya kadi za harusi za watu na hakuweza kutunga hata mstari mmoja. Siku ya ishirini na mbili alipanda basi la kwenda Kasur.

Aliporudi, kanzu yake ilikuwa rangi ya vumbi. Aliweka karatasi mbele ya Zilmeen.

"Sikuja na maneno. Maneno yangu unayajua."

Zilmeen alisoma: *Zilmeen. Jina la mkunga aliyetoka milimani. Wakati wa mafuriko alikaa siku mbili na mzazi aliyezidiwa na homa, hakuondoka mpaka mama na mtoto wakapona. Mwenyewe hakujua maana ya jina lake. Maana: haijulikani. Shahidi: Kaneez Bibi, shangazi wa mtoto.* Chini yake, alama ya dole gumba.

"Hakukufukuza?"

"Mara mbili. Mara ya tatu akanipa chai. Akauliza kama una mwanya wa kaka yake."

Zilmeen alicheka na kulia pamoja, mwanya wazi. Chini ya karatasi kulikuwa na kijitabu chenyewe. Mbele ya majina yote mia mbili na kumi na mawili, malkia wa maua na wenzao wa kutungwa walikuwa wamekatwa kwa mkono wa Bakhtiyar: *haijulikani, haijulikani, haijulikani.*

"Mchapishaji amenuna," alisema. "Na lako pia sikulipatia maana, Zilmeen. Nisamehe."

"Nimepata mtu. Nilikuwa nimekaa chini miaka yote hii, kumbe kuna mwanamke alisimama siku mbili kwa ajili yangu." Alijifuta macho kwa mtandio, akashika penseli nyekundu. "Ila kuna kasoro. Shahidi anatakiwa asikilizwe ana kwa ana. Mlete shangazi nyumbani Jumapili. Na mama yako aje naye, amuulize mama yangu yanayoulizwa siku ya posa."

Bakhtiyar akaanza kupangusa vumbi la kanzu yake, kana kwamba Jumapili ni leo.

"Na mtoto wetu?" aliuliza.

"Atapewa jina na dada yako, kama desturi," Zilmeen alisema. "Mimi nitahakiki."