Kanga za Marehemu Auleria

Jumapili hiyo ya mwaka 1949 Keko ilikuwa imetulia; hata maseremala walikuwa wameweka randa chini. Demetria alikwenda bombani mchana kweupe, kanga kaivuta mpaka kwenye jicho lililovimba. Mumewe, Gregori, karani mwenye tai ambaye adabu zake zote huziacha kanisani, alikuwa amempiga kwa sababu ya chumvi.

Kanga ile haikuwa yake. Ilikuwa ya Auleria, mke wa kwanza, aliyekufa, ikasemekana, kwa homa. Matanga yakiisha, nguo za marehemu hugawiwa ndugu. Hilo hata mtoto analijua. Gregori alizifungia sandukuni, kisha akamvalisha mke mpya. "Nguo nzima haitupwi," alisema. Demetria akazivaa, na kwa aibu hakumwambia mtu.

"Shikamoo, Bi Mauwa," alimsalimu jirani yake.

"Marahaba. Jicho limefanyaje, mwanangu?"

Demetria alifungua kinywa kutoa uongo wake wa siku zote. Kabla hajatamka, kitu kilinong'ona ndani ya kanga, karibu kabisa na sikio lake.

"Nimejikwaa kizingitini."

Ndoo ikamponyoka Mauwa. Maji yakamwagika. Hakuyatazama.

"Sauti hiyo ni ya Auleria," alisema polepole. "Na maneno ni hayohayo. Kila wiki alijikwaa." Akainamisha kichwa. "Nyumba yenu haina kizingiti, mwanangu. Sote tulijua. Tukanyamaza."

Demetria aliona aibu. Miezi yote hiyo alikuwa akimsitiri Gregori kwa nguo ya mwanamke aliyemsitiri mpaka kaburini.

Akarudi nyumbani. Akaburuta sanduku uani, akawaita wanawake wa jirani.

"Ndugu zake wako mbali. Nyie ndio ndugu." Akawagawia kanga mojamoja. Ya mwisho akaivua kichwani, jicho likaonekana. "Sikujikwaa. Gregori amenipiga. Na leo ndiyo mwisho."

Gregori akatoka, mkono juu. Hakuna mwanamke aliyesogea kumpisha. Mkono ukashuka, na kwa mara ya kwanza aibu ikawa yake.

Demetria alilala kwa Mauwa. Mvua ilinyesha mpaka alfajiri, wala yeye hakutoka nje. Asubuhi majirani walikuta nyayo kwenye mchanga mbichi, za mwanamke asiyevaa viatu, zikitoka mlangoni kwa Gregori mpaka barabarani, kwa hatua zisizo na haraka. Za kuingia hazikuwapo.