Walimshukuru Mungu Siku Aliyokufa Baba Yangu

Je, mtu anaweza kumlilia baba yake wakati watu wote wanaamini kwamba baba huyo ni mzima, anakula na anatembea? Swali hilo lilininyima usingizi muda mrefu kabla Baba hajafa... Nilijigeuza kitandani nikiwaza: siku akifa, nitasema nani amekufa? Kazini nitaomba ruhusa kwa msiba wa nani?

Nina miaka ishirini na saba. Nilisoma uchumi chuo kikuu Bujumbura, na mpaka hivi karibuni nilikuwa na ndoa ambayo rafiki zangu waliitamani. Nayaandika haya nikiwa Kigwena, kusini ya Rumonge, katika nyumba aliyoniachia Baba. Ndugu wasomaji, msinihurumie kabla hamjamaliza kusoma.

Baba yangu, Alimasi, alikuwa Mubembe, kabila la ng'ambo ya ziwa, upande wa Fizi. Vita vilimfukuza hadi kambi ya wakimbizi Tanzania, na huko akamkuta Mama, Mrundi aliyezaliwa uhamishoni. Mama aliporudi nchini, Baba alimfuata. Mama alifariki nikiwa shule ya msingi, Baba akanilea peke yake kwa kazi ya kukamua mawese. Mikono yake ilikuwa na wekundu ambao hakuna sabuni iliyouweza. Nyumbani tuliongea Kiswahili. Kirundi chake kilikuwa cha soko: cha kusalimu, kutania na kuuliza bei.

Chuo kikuu ndiko nilikojifunza kuogopa. Huko, kabla ya kujua unasoma nini, watu walitaka kujua baba yako ni nani na ukoo wenu ni upi. Wengine hawakuuliza, waliitazama pua yako na urefu wako, wakajijibu wenyewe! Siku moja nilimwita mwenzangu kwa Kiswahili, msichana mmoja akapiga makofi: "Ehe! Waswahili wameingia, mushike mifuko!" Kwao Mswahili ni tapeli; darasa zima likacheka. Na mimi nikacheka... Tangu siku hiyo nikawa napima kila neno kabla halijatoka mdomoni. Nilifanya mazoezi ya Kirundi mbele ya kioo. Nikiulizwa kwetu, nilijibu "Rumonge", basi.

Kisha nikampata Arsène. Wazee wake walikuwa watu wa ofisi tangu zamani, watu ambao wakipiga simu moja mlango unafunguka. Alimjua Baba, na hakuwahi kumdharau. Au ndivyo nilivyotaka kuamini?

Ikafika siku ya gusaba, siku ambayo upande wa mwanamume huja kumwomba binti. Kila upande huwa na msemaji, na Kirundi cha siku hiyo si cha mchezo: ni mafumbo juu ya mafumbo. Baba mwenyewe ndiye aliyemwomba Mzee Fabien, mkuu wa shule mstaafu tuliyesali naye kanisa moja.

"Mama," aliniambia, maana ndivyo alivyoniita, "Fabien aseme. Mimi nikifungua kinywa watafikiri wamekuja sokoni kununua ndagala."

Tulicheka. Hapakuwa na kosa lolote, wengi hutafuta msemaji. Lakini Mzee Fabien alisema vizuri mno! Alipomaliza, shangazi wa Arsène alimshika mikono miwili, akamshukuru akimwita mzazi: "Murakoze, muvyeyi! Huyu binti umemulea vizuri."

Mzee Fabien akanitazama. Arsène akanitazama. Wote walisubiri nimwambie shangazi kwamba mzazi wangu ni yule pale nyuma, anayepanga makreti ya vinywaji kwa sababu vijana wa ukumbi walichelewa. Sekunde moja tu ingetosha... Nikatazama viatu vyangu.

"Wewe!" mgeni mmoja akamwita Baba. "Leta ya baridi hapa."

Baba akaleta.

Jioni Arsène alikuwa amejaa furaha. Alisema imeenda vizuri, tusiiharibu, tutawaeleza wazee wake polepole baada ya harusi. Polepole hiyo haikufika. Harusini Mzee Fabien ndiye aliyenisindikiza hadi mbele. Baba alikaa safu ya nyuma na majirani. Arsène akaweka picha kwenye kundi la WhatsApp la familia yao, na Baba hakuwemo hata katika moja. Mzee Fabien akaingizwa kundini, akawa anatakiwa heri kila sikukuu. Baba mkwe akanitafutia kazi, akamwambia mkurugenzi kwamba mimi ni binti wa Fabien, watu wa heshima. Mshahara wangu, jina langu mjini, hata salamu za majirani, vyote vilisimama juu ya baba wa kuazima! Ningevuta jiwe lipi, nyumba isianguke?

Mzee Fabien alichoka kabla yangu. "Binti, huu mchezo tutaumaliza lini?" alinipigia kuniuliza. Nilimwomba aningojee kidogo.

Siku moja Baba alikuja Bujumbura bila kuniarifu, amebeba kidumu cha mawese mapya. Mama mkwe alikuwa sebuleni. Arsène akawahi kusema kwamba huyu ni muuza mawese wa Rumonge.

"Aa, vizuri," akasema mama mkwe. "Iko bei gani hii, mzee?"

Wasomaji wangu, nilitamani Baba anikane, anitukane, amwage yale mafuta juu ya zulia! Hakufanya hivyo. Alinitazama kidogo, kisha akataja bei. Mama mkwe akamwambia apunguze. Baba akapunguza! Akapokea pesa ya zawadi aliyoniletea mimi mwanawe, akasema murakoze, akaondoka. Nilipompigia baadaye kumwomba radhi, aliniuliza tu kama mama mkwe aliyapenda. Hakuja tena.

Aliugua mwaka huu. Nilikwenda kumwona mara chache, kwa kisingizio cha kwenda kumwona shoga yangu. Nilikuwa kazini jirani aliponipigia simu akilia.

Sijui vidole vyangu viliandika vipi. Najua tu kwamba katika kundi la familia niliandika: Baba ametutoka.

Pole zikamiminika. Baba mkwe akatangaza kwamba watakuja wote. Shangazi akaandika sifa za Mzee Fabien, unyenyekevu wake, Kirundi chake... Kisha simu yangu ikalia. Alikuwa Mzee Fabien mwenyewe.

"Binti, watu wananililia huku. Nimekufa lini?" Akaelewa kabla sijajibu. "Ni Alimasi? Ee Mungu wangu... Ni Alimasi!" Na yeye akaanza kulia.

Nilipoitazama simu tena, Arsène alikuwa ameshasahihisha. Aliandika kwamba mke wake amechanganyikiwa na habari mbaya. Aliyekufa ni mjomba, mtu wa mbali, na Baba Fabien ni mzima kabisa.

Mkaona dunia? Walifurahi! "Imana ishimwe!" "Asante Yesu, kumbe ni mjomba tu!" Mmoja akaweka vikatuni vinavyocheza. Mwili wa baba yangu ulikuwa haujapoa, na watu thelathini walikuwa wanamshukuru Mungu.

Hapo kitu kilikatika ndani yangu. Mimi niwazaye hata namna ya kuagiza chai, sikuwaza. Nilibonyeza simu, nikawatumia ujumbe wa sauti kundini, kwa Kiswahili cha nyumbani ambacho kundi lile halikuwahi kukisikia kwangu: "Aliyekufa ni baba yangu mzazi. Anaitwa Alimasi, Mubembe, mkamuaji wa mawese wa Kigwena. Ndiye aliyewaletea vinywaji siku ya gusaba. Tunamzika kesho."

Nikatolewa kundini kabla sijafika stendi.

Arsène alinipigia nikiwa njiani. Hakunipa pole. Aliniuliza kwa nini nimemwaibisha mama yake, akasema njia bado ipo: niseme ni uchungu ulionisemesha, nirudi, tuendelee kama zamani. Nilimjibu aje azike, akae na mimi kwenye mkeka wa wafiwa. Hakuja. Kwao hakuja hata mtoto.

Mzee Fabien alikuja. Mchungaji alipouliza nani atasema kwa niaba ya familia, watu wakamgeukia yeye, kwa mazoea. Akatikisa kichwa, akanionyesha mimi. Nilisema kwa Kiswahili, na sikumaliza.

Ndugu zangu, hasa ninyi mliosoma, mkatoka nyumba zenye harufu ya mawese na samaki: msikubali kupendwa kwa sura ya mtu mwingine! Mtakula vizuri, mtaitwa watu wa heshima, lakini siku ya kilio mtajikuta hamna ruhusa ya kulia. Aliye na mzazi nyuma ya makreti, amwite mbele leo.

Juma lililopita nilikwenda Bujumbura kazini, kichwa kimenyolewa. Mkurugenzi alikuwa hajasikia chochote. Akaniuliza Mzee wangu Fabien anaendeleaje. Ningeweza kusema mzima, nikapita...

Nilivuta kiti, nikakaa mbele yake bila kukaribishwa, nikamweleza baba yangu alikuwa nani.