Dakika Tisa na Rangi ya Bluu

Mnadani Katesh, asiyejua kupiga kikumbo hanunui hata kiberiti. Hilda alikuwa chini ya mwavuli wake wa kutengenezea simu, blauzi ya njano, kitambaa kichwani, alipotokea kijana mrefu mwenye shuka nyekundu ya rubega na fimbo begani.

"Fundi, hiki nimekiokota kandokando ya ziwa. Hakishiki redio, hakina laini. Ni nini?"

"Na wewe ni nani?"

"Gidabuday. Kitengeneze, nitakuja kukichukua kila mnada."

"Kila mnada? Kitu kinachukuliwa mara moja, wewe!"

"Ndiyo maana usikitengeneze haraka."

Hilda akacheka mpaka bisibisi ikamponyoka. Hapo ndipo alipokwisha kwa mapenzi, msiniulize zaidi.

Kidude kilitosha kiganjani. Ukibonyeza kitufe chekundu kinarekodi, tena si sauti wala picha: kinarekodi wakati wenyewe, dakika tisa. Ukibonyeza cheusi, unarudi ulipoanzia, dakika zile zinaandikwa upya, na hakuna anayekumbuka ila wewe uliyekishika. Betri ilikuwa na mistari minne isiyokubali chaja yoyote, na kila kurudi kunakula mmoja. Mmoja ulikwenda siku Hilda alipokijaribu. Alimweleza Gidabuday, wakacheka, na tangu hapo kila alipokuja mpenzi wake Hilda alibonyeza chekundu, kwa akiba tu, kama siku moja atatamani kulisikia tena neno tamu.

Tatizo lilikuwa kaka yake, Tluway, mkulima wa Nangwa na mnunuzi wa ng'ombe, aliyemlea tangu wazazi wafe. Huyo alishaapa: "Siku nikisikia uko na mfugaji wa tambarare, hatujuani!" Siku za mnada, Hilda ndiye aliyewapaka ng'ombe wa kaka yake alama ya rangi ya bluu mgongoni.

Siku ya balaa alikuwa akipaka katika zizi la mnada huku simu ameibana begani, anaongea na Gidabuday.

"Geuka basi, mpenzi. Huku uzioni."

"Sikuoni."

"Huoni rubega mpya? Huoni hata meno?"

"Loo! Meno gani ya kuonekana kutoka huko!"

Akatazama uzioni, na mkono ukaendelea kupaka. Brashi ikapita kwenye mgongo wa maksai mwekundu ambaye Tluway hakumnunua. Alikuwa wa Gidabuday. Hilda hakuona.

Baadaye Gidabuday akafika mwavulini, Hilda akabonyeza chekundu, wakataniana kidogo, kijana akaenda zizini kumfungua maksai wake.

"Mwizi!" Tluway akanguruma. "Anaondoka na ng'ombe mwenye rangi yangu!"

Panga lake lilishuka shingoni kabla Gidabuday hajafungua mdomo. Watu waliokuwepo wakamalizia kwa mawe. Hilda alifika akakuta rubega imelowa na uso hautambuliki, na pembeni maksai amesimama na mstari wa bluu mgongoni. Akaelewa ni brashi yake. Akabonyeza cheusi.

"Fundi, mbona unaniangalia hivyo?" Gidabuday alikuwa mbele yake, mzima, anacheka.

"Usiende zizini. Kaa hapa, nakuomba!"

Akakimbia, akalichomoa panga la kaka yake kwenye pikipiki na kulifukia chini ya magunia, kisha akarudi mwavulini. Sababu hakumwambia mtu, maana aliona aibu kulitaja kosa lake. Tluway alipokuja kumtafuta mdogo wake, akamkuta ameshikana mikono na Gidabuday. Akamrukia Gidabuday kwa ngumi, akamtoa jino, akaokota jiwe. Gidabuday akainua fimbo, akapiga mara moja tu, penye sikio. Tluway akaanguka chini, miguu ikitupatupa vumbi, damu ikimtoka puani, kisha pumzi ikakatika. Watu wakamzunguka Gidabuday. Mmoja akapaza sauti iletwe petroli wamchome.

Hilda akabonyeza cheusi akilia. Ulibaki mstari mmoja.

Safari hii alimpita mpenzi wake bila salamu, akaenda moja kwa moja kwa Tluway.

"Kaka, maksai mwekundu si wako. Nilimpaka mimi, kwa kosa."

"Kwa kosa? Ulikuwa unaangalia nini?"

Watu walikuwa wamesimama, wanasikiliza.

"Nilikuwa namwangalia mwenyewe. Gidabuday. Nampenda, kaka."

Tluway alilichomoa panga kwenye pikipiki, akamwendea kijana aliyekuwa anakuja nyuma ya Hilda. Hilda akajitupa katikati na kunyoosha mkono wa kulia. Vidole viwili vikaanguka kwenye samadi.

Gidabuday akainua fimbo.

"Weka chini!" Hilda akapiga kelele. "Huyo ni shemeji yako!"

Fimbo ikabaki hewani, kisha ikashuka taratibu mpaka chini. Tluway alikuwa ameshalitupa panga, amepiga magoti, anautazama mkono wa mdogo wake na kulia kwa sauti.

"Bonyeza, Hilda!" Gidabuday alimsihi. "Bonyeza, vidole virudi!"

"Nimeshakuona umekufa. Na yeye nimemwona amekufa. Hii ndiyo safari pekee mliyobaki hai wote wawili. Siifuti!"

Akakitupa kidude kwenye birika la kunyweshea ng'ombe.

Gidabuday akachana rubega yake mpya, akaufunga mkono wa Hilda. Kisha akamgeukia mtu yule yule aliyetaka kumuua, akainamisha kichwa.

"Shikamoo, kaka."

Tluway akainuka kutoka magotini.

"Marahaba."

"Maksai huyu msimfute rangi. Ameshapata alama ya kwenu. Ndiye wa kwanza wa mahari, kama Hilda atanikubali."

"Nimekukubali tangu bisibisi ilipoanguka," Hilda akasema, midomo imekauka kwa maumivu.

Tluway akajifuta machozi, akawasha pikipiki.

"Hospitali kwanza," alisema. "Halafu njoo Nangwa. Na huyo ng'ombe uje naye."