Kunyamaza Hakurudishi Mafao

"Hukati," alisema Tabea. "Labda unikate mimi kwanza."

"Mama Obed, watu wa msumeno wako njiani," alijibu Enoki, mumewe. "Usinitie aibu."

"Aibu? Misonobari ya ada ya Obed haijafika hata unene wa paja, unaiuza ikawe mirunda ya kujengea. Na pesa unampelekea mtu wa stendi ambaye hata jina lake la pili hulijui."

"Anajuana na watu wa ofisini. Amesema jalada langu litalala."

"Litalala na wewe ndani yake."

Ukungu wa Makambako ulikuwa umeshuka hadi mlangoni. Viazi vya kuchemsha vilikuwa vinapoa mezani, kama kawaida ya siku hizi. Wenzake Enoki waliostaafu naye udereva wa serikali walikwishalipwa. Yeye aliambiwa mafao yake yanasubiri uchunguzi. Tuhuma zilikuwa mbili: kwamba alitumia gari la ofisi bila kibali, na kwamba aliuza mafuta ya gari hilo. Aliandikiwa ajibu, akanyamaza. Leo kamati ya uchunguzi ilikuwa inakaa Njombe, naye alikuwa ameitwa. Hakuwa amevaa hata viatu.

Mlango uligongwa. Aliingia Eveline, dada yake Enoki. Alikuwa mwalimu, na shuleni kwake ndiye mwakilishi wa chama cha wafanyakazi. Tabea alimpigia simu jana bila kumwambia mumewe.

"Kamwene," alisalimu Eveline, akikung'uta koti. "Nimewasikia tangu kwenye ua wa jirani. Nani anakatwa?"

"Misonobari, wifi. Kaka yako anataka kununua uchunguzi."

Eveline aliketi. "Kaka, huyo mtu akiila pesa yako, utamshtaki wapi? Na akiipeleka kweli, hiyo ni rushwa. Una tuhuma mbili, unatafuta kesi ya tatu."

"Mafao yangu wamekwisha kuyala."

"Hawajayala. Kuzuiwa si kunyang'anywa. Yanasubiri uchunguzi uishe. Sasa utaishaje vizuri, na mtuhumiwa kajificha nyuma ya jiko? Wakisikia upande mmoja, wataamua kwa upande mmoja. Gari ulilichukua?"

Enoki alitazama vidole vya miguu yake. Tabea alilijua jibu, lakini hakumsaidia.

"Nililichukua," alisema Enoki. "Nilimpeleka marehemu rafiki yangu Anyisile kwao Mdandu akazikwe. Mvua ilikuwa kubwa, ndugu hawana usafiri, maiti iko hospitali. Sikuomba kibali."

"Na mafuta?"

"Sikuuza hata kikombe. Yaliishia kwenye tope."

"Basi kila tuhuma ina jibu lake. La gari, kiri. La mafuta, kataa, na useme shahidi ni nani. Ukinyamaza, unameza zote mbili."

"Shahidi yupo," alisema Tabea. "Beatha, mjane wa Anyisile. Alikaa kiti cha mbele njia nzima."

"Mjane nikamburute ofisini?"

"Hujamuuliza, umeshamkatalia."

Eveline alimega kiazi. "Sitakudanganya, kaka. Kwa gari wanaweza kukuadhibu. Lakini una haki ya kusikilizwa na kuleta shahidi, na uamuzi usipokuridhisha kuna kukata rufaa. Waombe wakuandikie mafao yanazuiwa kwa sheria ipi. Na kila karatasi unayowapa, baki na nakala iliyogongwa muhuri."

"Mtu mzima hajitetei," alisema Enoki. "Ukijitetea sana, watu wanasema kweli ameiba."

Tabea alicheka, lakini si kwa furaha. "Wewe ni mzee wa usharika. Lukas alipotengwa na kanisa, alijifungia nyumbani akisema Mungu anamjua. Nani alimwambia, 'Hatumrudishi mtu kundini kwa fununu, aje aseme kwa kinywa chake'?"

Enoki alivuta sahani ya viazi.

"Nakuuliza, nani?"

"Mimi."

"Akaja?"

"Alikuja."

"Akasimama mbele ya baraza anatetemeka, wewe umekalia kiti. Leo viti wamekalia wengine, baba Obed. Zamu yako kusimama."

Nje sauti iliita. "Kamwene! Mzee, tuanzie mti upi?"

Tabea hakuinuka. Alikuwa amesema yote aliyokuwa nayo. Kama Enoki angetoka na kuonyesha mti, miti ingeanguka, na ada ya mtoto nayo.

Enoki alitoka pekupeku kwenye ukungu.

"Rudini," Tabea alimsikia akisema. "Miti haiuzwi."

"Mzee, tumechoma mafuta kuja huku."

"Chukueni debe la viazi hapo ghalani. Mnisamehe."

Alirudi ndani, miguu imelowa. "Viatu viko wapi?"

"Chini ya kitanda. Nimevisugua tangu jana."

Enoki alimpigia Beatha mwenyewe. Mjane alimsikiliza, kisha akasema, "Mbona ulikaa na hilo peke yako, shemeji? Nitawakuta njia panda."

Wakaondoka wote watatu, njia panda wakamchukua Beatha, wakapanda basi la Njombe. Njiani Tabea alisali. Hakuomba mafao. Aliomba tu mumewe asigeuke akifika mlangoni.

Enoki hakugeuka. Alipoitwa jina, aliitika, akaingia na kusimama mbele ya watu waliokaa.

"Gari nililichukua," alisema. "Mafuta sikuuza, na shahidi yuko nje. Nianze na lipi?"