Uzi Uliokataa Rangi

Soko la Majengo siku ya Jumamosi halina muda wa kumtazama mtu usoni. Mwajabu alikuwa ameinama akiokota madonge yake ya nyuzi, yaliyomwagika baada ya kiroba cha mchele kugonga meza yake. Alipoinua macho aliona kwanza mabuti ya mpira yenye tope kavu, kisha jinzi iliyopauka magotini, kisha uso wa mwenye kiroba, umejaa haya.

"Samahani dada. Sikuiona meza."

"Meza yote hii? Basi huo mchele umeuvuna kwa kupapasa."

Kijana akacheka, akapiga magoti kumsaidia kuokota. Na ubaya wa mwanamume anayecheka akitaniwa ni kwamba utataka kumtania tena.

Jina lake Adamu, bwana shamba wa Bahi, kwao Kondoa kama Mwajabu.

"Hizi rangi unachemsha majani gani?"

"Sichemshi kitu. Hizo ni saa za watu."

Ndivyo ilivyokuwa. Katika ukoo wa Mwajabu wanawake husokota muda. Unashika pamba kiganjani, unakaa saa yako moja, naye fundi anausokota uzi kutoka mkononi mwako. Kesho yake saa ile huwa imeingia kwenye uzi na rangi yake, na atakayeugusa ataisikia mwilini kama vile yumo ndani yake.

Adamu alitaka saa ya mvua ya kwanza juu ya mpunga, kwa ajili ya mama yake aliyemhamishia mjini na ambaye hakuacha kulililia shamba. Mwajabu akaenda Bahi juu ya bodaboda, kajifunga kanga mbili, akasokota huku amelowa chapachapa. Kesho yake uzi ulikuwa kijani kibichi. Mama Adamu aliuvaa shingoni, akafumba macho, akasema, "Vyura hao."

Baada ya hapo simu ya Mwajabu haikupumzika jioni.

"Umekula?"

"Nimekula. Wewe je?"

"Mimi nashiba sauti yako, kipenzi."

"Utakufa njaa, Adamu. Nenda kapike."

Miezi minne ikapita hivyo. Adamu alipotamka habari ya ndoa, Mwajabu akamweleza mila yao: fundi wa nyuzi hakubali mchumba kwa maneno. Mwanamume hushika pamba, wakakaa pamoja saa moja, kisha uzi ukasema. Nyekundu ni tamaa, samawati ni utulivu, rangi ya chungwa ni furaha.

"Na ukibaki mweupe?"

"Mwili ulikuwepo, mwenyewe hakuwepo. Unatupwa siku ya saba, na mtu naye anaachwa."

Walikaa Jumapili saa kumi, barazani kwa Mwajabu, mtaani Kikuyu, sahani ya zabibu katikati yao. Adamu alimsimulia habari za mzee mmoja wa Bahi anayewasalimia ng'ombe wake shikamoo. Mwajabu alicheka mpaka mtandio ukamdondoka, na mkono haukuacha kusokota.

Asubuhi uzi ulikuwa mweupe. Siku ya pili mweupe. Siku ya saba mweupe pepepe. Akapiga simu.

"Adamu, Jumapili ile ulikuwa unamuwaza nani?"

"Wewe."

"Uzi haudanganyi."

"Ila mimi nadanganya? Mwajabu, unaiamini pamba kuliko mimi?"

Mwajabu akakata. Alipopigiwa hakupokea, na ujumbe aliusoma asijibu. Alimpenda, na hilo ndilo lililomliza, maana angekuwa hampendi angelala usingizi wake. Hata kuutupa ule uzi alishindwa. Aliufungia kwenye kopo la maziwa, akalisukuma uvunguni.

Wiki tatu baadaye mama mmoja wa Kigogo alisimama mbele ya meza yake pale sokoni, ameshika donge kuukuu la rangi ya samawati.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu. Naitwa Ruthu. Nimekuja kumwomba radhi shangazi yako, aliyekuwa akisokota kwenye meza hii kabla yako. Naambiwa hayupo tena, basi nakuomba wewe."

"Radhi ya nini?"

"Alinisokotea saa ya mwisho niliyokaa na mume wangu, tukipukuchua mahindi. Uzi ukabaki mweupe, mimi nikamwita tapeli mbele za watu. Miaka kumi na moja hiyo, na nilikataa kuutupa. Juzi nimempa mjukuu baiskeli ya marehemu, na kwa mara ya kwanza sikulia. Kurudi ndani, uzi una rangi." Akalipapasa donge. "Kumbe ile saa ilikuwa haijaniishia. Muda wote huo nilikuwa bado napukuchua naye."

Mwajabu hakungoja kufunga meza. Tangu enzi za bibi zake uzi mweupe ulitupwa siku ya saba. Nani angejua ungefanya nini siku ya nane?

Nyumbani alilivuta kopo, akalifungua. Uzi ulikuwa mweupe, isipokuwa ncha moja. Hapo palikuwa na rangi ya chungwa, urefu wa shibiri moja. Saa ya Adamu ilikuwa imeanza kwisha.

Akapiga simu, haipatikani. Akapanda basi la Bahi na kopo mapajani, kisha bodaboda hadi mashambani. Adamu alikuwa kwenye kitalu cha mpunga, tope mpaka kwenye mashavu ya miguu. Hakutoka majini.

"Umefuata nini?"

"Nimekuja kukuomba msamaha. Na nina swali. Umeanza kunisahau?"

Adamu alitazama miche yake. "Nimeanza. Jana nimefuta namba yako."

"Umefika wapi?"

"Sijafika popote. Naijua kwa kichwa."

Mwajabu akaingia majini na viatu vyake vya mjini, akamwonyesha uzi, akamweleza yote, sauti ikimkatika. Adamu alisikiliza hadi mwisho.

"Nilikwambia nilikuwa nakuwaza wewe," akasema. "Mpaka sasa nipo pale barazani, Mwajabu. Nakula zabibu."

"Basi usitoke."

"Nikae kama nani?"

"Tuma mshenga Kondoa kwa baba, upate jina la kukalia."

Adamu akacheka, polepole, kama mtu aliyesahau namna yake. Kisha akamshika mkono wenye uzi.

Siku ya ndoa mtandio wa bibi harusi ulikuwa na ukingo wa uzi mweupe, na pembeni kipande cha rangi ya chungwa. Shangazi wa bwana harusi akanong'ona kwamba fundi aliishiwa uzi. Mwajabu alimsikia, akauweka mtandio vizuri kichwani.

Mtandio ule sasa umetundikwa ukutani, Kikuyu. Kila asubuhi, kabla hajamwamsha mumewe, Mwajabu hukipima kile kipande kwa kiganja. Bado ni shibiri moja.